Kilango cha Moyo

Nilifundisha ushairi kwa miaka 31, na katika muda huo wote sikumbuki kipindi hata kimoja kilichomalizika pasi na moyo kutajwa. Tuliusoma moyo uliochomwa, moyo ulioibwa, moyo wenye jeraha lisilopona, moyo uliotiwa kufuli na ufunguo ukatupwa baharini. Wanafunzi wangu walijua kuhesabu mizani na kupanga vina, na walijua kwamba moyo ukitajwa katika ubeti wa kwanza, machozi hayako mbali. Lakini hakuna aliyewahi kuniuliza, wala mimi sikuwahi kujiuliza, moyo huo una milango mingapi. Jibu nililipata mwaka 2019, nikiwa nimekwisha kustaafu: ni minne. Nililipata kwa sababu mmoja katika minne ya mjukuu wangu ulikataa kufunguka.

Mimi si tabibu, na msomaji asitafute utabibu katika kurasa hizi. Naandika kwa sababu mbili. Ya kwanza, huenda leo katika nyumba ya mmoja wenu amelazwa mtoto mchanga, na neno moja nitakalolisema likamfaa. Ya pili ni deni langu kwa marehemu mama yangu, na hilo nitalieleza mahali pake.

Mjukuu wangu alizaliwa mwezi wa Julai, upepo wa kusi ukiwa umeshika kwelikweli. Alizaliwa kwa siku zake, akiwa na uzito wa kilo 2.9, akalia kwa sauti ambayo mkunga mwenyewe aliisifu. Babu yake akamsomea adhana sikioni. Siku mbili za mwanzo hatukuona lolote ila furaha. Siku ya tatu mwanangu akaniita chumbani. Mtoto alikuwa akishika titi, anavuta mara nne au tano, kisha analiachia na kutweta kama mtu aliyepanda ngazi za ghorofa tatu. Kipaji chake kilikuwa na jasho, na ilikuwa alfajiri ya baridi.

“Mama,” akaniambia, “mbona midomo yake imekuwa kama ya mtu aliyekula zambarau?”

Nilitazama. Ilikuwa hivyo hasa: rangi ile ya zambarau ambayo watoto wetu huonyeshana ndimi zao kwayo msimu wa matunda hayo, wakicheka. Huyu hakuwa na meno wala hakuwa amekula chochote.

Tulimpeleka mahali pa kwanza, ambapo sitapataja. Aliyetupokea hakumvua mtoto nguo. Alitwambia kwamba watoto wachanga hubadilika rangi kwa baridi, akaandika dawa ya matone, akatuhimiza tumfunike vizuri. Tukamfunika. Siku sita nzima tulimfunika, tukazidisha blanketi juu ya blanketi, na chini ya mablanketi hayo mtoto aliendelea kutweta.

Hapa ndipo nilipaswa kusema kitu, nami nikanyamaza. Nilinyamaza kwa kuwa midomo ile nilikuwa nimekwisha kuiona kabla.

Nilikuwa na umri wa miaka minane, nyumbani kwetu Wete, kisiwani Pemba, mwaka 1966. Mama alijifungua mtoto wa kiume msimu wa karafuu, na mikeka ilikuwa imetandazwa mpaka uwanjani. Nakumbuka harufu ya karafuu mbichi zikianikwa, na namkumbuka ndugu yangu mikononi mwa mama, anashika titi na kuliachia, anashika na kuliachia. Midomo yake ilikuwa ya zambarau. Aliishi siku 23. Hakufikishwa hospitali, na hata angefikishwa, nimekuja kujua baadaye, hapakuwa na mtu visiwani siku zile ambaye angeweza kumfanyia jambo. Alizikwa adhuhuri, na kabla ya siku ya hitima wanawake wa upande wa baba walikwisha kukubaliana juu ya sababu. Mama, akiwa mja mzito, alitoka kwenda kisimani wakati wa magharibi, wakati ambao watu wenye akili huwa ndani. Upepo mbaya ukampitia, ukamkuta mtoto tumboni.

Hakuna aliyempiga mama, wala hakuachwa. Lakini neno lile alikaa nalo. Mwaka uliofuata baba alioa mke wa pili, na mama hakuuliza kwa nini, kwa sababu alidhani anajua. Alifariki mwaka 1997, akiwa mwanamke mzee mwenye wajukuu, na siku za mwisho, alipokuwa akichanganya majina yetu, bado alikuwa akisema: “Laiti nisingetoka magharibi ile.”

Kwa hiyo, nilipoona midomo ya mjukuu wangu, nilijua. Ila sikujua ninachokijua. Nilikuwa na picha, sikuwa na jina lake.

Siku ya kumi tulikwenda mahali pengine. Alitupokea daktari kijana wa kike, umri wa wanafunzi wangu wa mwisho. “Shikamoo, bibi,” akaniamkia, kisha akamvua mtoto nguo zote, akamtazama kifua kwa muda mrefu bila ya kumgusa. Akamfungua kinywa kwa kidole.

“Kwa ngozi zetu, bibi,” akasema, “usitazame mashavu wala mikono. Tazama ulimi na fizi. Hapo rangi haidanganyi.”

Akachukua kidude kidogo chenye taa nyekundu, akakibana katika mkono wa kulia wa mtoto, kisha katika mguu. Kilisoma 83. Damu ya mtoto mwenye afya, alitufahamisha, hubeba oksijeni kwa asilimia 95 au zaidi. Huyu alikuwa akiishi kwa pungufu. Kisha akamsikiliza kifua, upande wa kushoto, chini kidogo ya mtulinga. Akasikiliza mpaka nikaogopa. Alipomaliza alinivika mimi kile chombo masikioni. Nilikuwa nikingoja kusikia yale mapigo mawili tuliyoyazoea, ya kupokezana kama mwako wa ngoma. Nilichokisikia kati ya pigo na pigo kilikuwa mvumo mrefu, mkavu, kama mchanga unaoburutwa na maji ya kupwa.

“Hiyo ni damu,” akasema, “inapita kwa nguvu mahali palipobana.”

Siku ya pili yake alifanyiwa kipimo cha mawimbi ya sauti, kile wanachokiita eko. Ni kipimo kisichoumiza. Mtoto alilala usingizi wakati kifua chake kikipakwa mafuta na kupitishiwa kile kifaa. Kwenye kioo niliuona moyo wa mtu kwa mara ya kwanza maishani mwangu. Nilidhani nitauona mithili ya ua au taa, kama tulivyozoea kuuimba. Niliona ngumi ndogo ya nyama iliyokuwa ikifanya kazi kwa taabu.

Daktari alituchorea kwenye karatasi, nami karatasi ile ninayo mpaka leo. Moyo una vyumba vinne, viwili juu na viwili chini. Damu iliyochoka, iliyokwisha kugawa oksijeni yake mwilini, hurudi upande wa kulia. Hushuka chumba cha chini, na kutoka hapo husukumwa kwenda mapafuni kuchukua hewa mpya. Kisha hurudi upande wa kushoto, na kutoka huko husukumwa mwili mzima. Kila chumba cha chini kina kilango cha kuingilia na kilango cha kutokea, ndivyo vinavyotimia vinne. Kazi ya kilango ni moja: kufunguka kikamilifu damu inapopita, na kufunga kabisa isirudi. Kilango cha kutokea kwenda mapafuni kina vijani vitatu vyembamba kama kope. Vya mjukuu wangu vilikuwa vimegandana kwenye kingo zake, vikaacha tundu dogo katikati. Chumba cha kulia kilisukuma, kikasukuma, kuta zake zikanenepa kwa kazi, na damu nyingi haikupita.

Nyumba yangu ina mlango wa kale wa mbao mbili zenye mfaa katikati. Masika yakizidi mbao huvimba, na hapo huwezi kuufungua ila kwa bega. Nilipoitazama ile karatasi niliufikiria mlango huo. Nikamfikiria mtoto wa siku 11 akiusukuma mlango uliovimba kwa bega lake, mara 150 kwa dakika, usiku na mchana.

Nikauliza: iweje basi akazaliwa mzima na kulia kwa sauti ile? Jibu lake lilinishangaza kuliko yote. Tumboni, mapafu ya mtoto hayana hewa, yamejaa maji. Hivyo Mola ameweka njia mbili za mkato ili damu isihitaji kupita huko. Moja ni kidirisha kati ya vyumba viwili vya juu. Ya pili ni kijia kinachounganisha mishipa miwili mikubwa inayotoka moyoni. Mtoto akishazaliwa na kuvuta pumzi, njia hizo hazina kazi tena, nazo huanza kujifunga. Kile kijia kwa kawaida hubana katika siku chache za mwanzo. Kwa mtoto mwenye vilango vizima, kujifunga huko ni salama. Kwa mtoto mwenye kilango kilichoganda, kijia kile ndicho kilichokuwa kikimfikishia damu mapafuni. Kikibana, ndipo rangi ya zambarau inapotokea. Wako watoto ambao kilango chao kimeziba zaidi ya cha mjukuu wangu, na hao huhitaji kutiliwa mshipani dawa iitwayo prostaglandini ili kijia kisifunge mpaka watibiwe. Bila hiyo wengi wao hufariki mapema. Wetu alikuwa na tundu, ingawa dogo, na kidirisha cha juu kilikuwa wazi kikimpunguzia mzigo. Damu isiyo na hewa ilivuka hapo na kuchanganyika na nyingine. Ndiyo iliyompa rangi ile, na ndiyo iliyomweka hai.

Mwanangu alikuwa kimya muda wote. Kisha akauliza lile swali ambalo, nadhani, kila mama huliuliza.

“Nilikula nini, Daktari?”

“Hukula kitu.”

“Nilifanya nini basi?”

Yule kijana aliweka kalamu chini. Akasema kwamba moyo wa mtoto huumbika katika wiki nane za mwanzo, wakati ambapo wanawake wengi hawajajua hata kama wana mimba. Kati ya watoto 1,000 wanaozaliwa hai duniani, takriban 8 hadi 10 huwa na kasoro fulani ya moyo, ndogo au kubwa. Baadhi hutokana na mambo yanayojulikana: ugonjwa wa rubela ukimpata mama mwanzoni mwa mimba, kisukari kisichodhibitiwa, dawa fulani, au kasoro katika chembe za urithi. Lakini kwa wengi, sababu yake haijulikani, na si kosa la mtu.

“Na upepo?” nikauliza mimi. Mwalimu wa miaka 31, nikauliza.

Hakucheka. “Bibi,” akasema, “hakuna pahala ambapo mama huyu angekwenda au asingekwenda, likabadilika.”

Nilitoka nje nikakaa barazani nikalia. Watu waliokuwa wakipita walinipa pole ya mjukuu. Niliwaachia wadhani hivyo. Nilikuwa nikimlilia mwanamke aliyelala Wete chini ya mchanga, ambaye hakuambiwa maneno yale kwa miaka 31 aliyoishi baada ya kumzika mwanawe. Na hapa niwe mkweli: sijui ndugu yangu alikuwa na nini. Midomo ya zambarau ina sababu nyingi, za moyo na zisizo za moyo, na hakuna atakayempima tena. Lakini kama hakuna aliyejua ugonjwa wake, basi hakuna aliyejua kosa la mama pia, na hilo lilisemwa kwa uhakika uliomaliza umri wake.

Rufaa ya kwenda Dar es Salaam ilipatikana. Ugomvi ulianzia nyumbani. Mkwe mwenzangu, mama wa mume wa mwanangu, ni mtu mwema, na namheshimu. Alisema: mzazi hatoki kabla ya arubaini, seuze kuvuka bahari. Alisema mtoto ana jicho, na yuko shehe ataandika kombe. Nilimjibu kwamba kombe liandikwe, na likaandikwa kwa zafarani, na mwanangu akalinywa mbele yetu sote. Mtoto hakunyweshwa kitu, kwa kuwa daktari alikataza. Kisha nikamwambia mkwe mwenzangu yale ambayo sikuwahi kumwambia mtu nje ya ukoo wetu, habari ya ndugu yangu na habari ya mama. Alinisikiliza hadi mwisho. Akanyanyuka, akafungua sanduku lake, akatoa kanga mpya doti moja.

“Mfungeni mzazi tumbo vizuri,” akasema. “Bahari ina mawimbi.”

Ilikuwa na mawimbi kweli. Siku ya 19 tulipanda boti ya asubuhi pamoja na muuguzi mwenye mtungi wa oksijeni. Vikuku vyangu viwili vya dhahabu vilibaki kwa sonara. Matibabu yalikuwa na rufaa, lakini nauli, chumba na chakula vilikuwa juu yetu. Kusi ilikuwa ikitupiga ubavuni, watu wakitapika kila upande, na mwanangu, aliyejifungua si wiki tatu, alikaa wima saa mbili nzima akimshika mtoto mguu ili kile kidude cha taa nyekundu kisimtoke. Sote tuliisoma namba ile kama watu wanaosoma uradi. Themanini na moja. Themanini na tatu. Sabini na tisa. Themanini na mbili.

Zamani safari kama hiyo ingekuwa ndefu zaidi. Watoto wengi wa Tanzania Bara na Visiwani walipelekwa India, na watoto wa Zanzibar wengine walitibiwa Israel kwa msaada wa shirika la Save a Child's Heart, lililoanzishwa mwaka 1995. Wazazi walingoja foleni ya safari, na moyo wa mtoto haukungoja. Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete ilianzishwa Dar es Salaam mwaka 2015, na tangu hapo matibabu mengi yaliyokuwa yakifuatwa ng'ambo hufanyika humu humu nchini, ng'ambo ya maji yetu tu.

Katika siku za kungoja, kwenye benchi refu la wazazi, nilisoma kila nilichokipata juu ya jambo hili. Nilifurahi kumkuta Ibn al-Nafis, tabibu wa Damascus aliyefariki Cairo mwaka 1288, ambaye katika kuisherehesha kazi ya Ibn Sina alieleza kwamba damu haivuki ukuta wa moyo, bali huzunguka kupitia mapafuni. Nilimkuta Werner Forssmann wa Ujerumani, ambaye mwaka 1929, akiwa kijana wa miaka 25, alijitia mpira mwembamba katika mshipa wa mkono wake mwenyewe akausukuma mpaka moyoni, kisha akatembea kwa miguu yake kwenda kupigwa picha ya eksirei ili aaminiwe. Mwaka 1956 alipata Nishani ya Nobel pamoja na wenzake wawili. Nilimkuta Russell Brock wa London, ambaye mwaka 1948 alivifungua vilango vya mapafu kwa kisu alichokipitisha ndani ya moyo unaodunda, akienda kwa kupapasa maana hakuweza kuona. Na nilimkuta Dk. Jean Kan wa Baltimore, Marekani, ambaye mwaka 1982 yeye na wenzake walitoa taarifa ya kukifungua kilango cha mapafu bila ya kupasua kifua, kwa puto.

Niliposoma tarehe ya Brock, 1948, nilifunga kitabu. Ndugu yangu alizaliwa miaka 18 baadaye. Elimu ilikuwepo duniani. Ilikuwa haijavuka maji.

Puto hilo ndilo lililomtibu mjukuu wetu, akiwa na umri wa siku 24. Daktari aliyemhudumia alitueleza kila hatua kabla, kisha baadaye alituonyesha picha zake zikitembea, nami nazisimulia kama nilivyoziona. Mtoto alilazwa usingizi. Kwenye kinena, katika mshipa, likatobolewa tundu ambalo baadaye halikuhitaji hata uzi mmoja wa kushona. Hapo ukapitishwa waya mwembamba kuliko ugwe wa mshipi wa kuvulia, ukapanda tumboni, ukaingia chumba cha juu cha moyo, ukashuka cha chini, ukapinda, ukatafuta lile tundu la katikati ya vijani vitatu. Ulikosa mara ya kwanza. Ukakosa mara ya pili. Mara ya tatu ukapita. Juu ya waya ukafuatishwa mpira mwembamba wenye puto lililokunjwa, mpaka puto likasimama katikati ya kilango, nusu huku, nusu kule.

Kisha puto likajazwa maji yenye dawa inayoonekana kwenye eksirei. Hapo ndipo ninapopakumbuka zaidi. Kwa muda huo, sekunde chache, damu karibu yote ya kwenda mapafuni husimama, maana mlango wenyewe umezibwa na kile kilichokuja kuufungua. Kwenye picha puto lilitokea kama namba nane: limejaa juu, limejaa chini, na katikati lina kiuno, pale vijani vilivyogandana vilipolibana. Kiuno kile kikashikilia. Kisha ghafla kikatoweka, puto likanyooka, na papo hapo wakalinyonya maji yake. Vijani vilikuwa vimeachana kwenye mistari ile ile ambayo vingeachana toka mwanzo.

Tofauti ya msukumo kati ya chumba na mshipa, iliyokuwa 88, ilishuka hadi 21. Rangi haikubadilika siku hiyo hiyo, na tuliambiwa tusitaraji hivyo. Chumba kilichonenepa kwa taabu huchukua wiki kadhaa kulegea. Lakini usiku wa pili mwanangu alimweka mtoto titini, nami nikahesabu. Alivuta mara nne, tano, kumi, ishirini. Nilipofika arubaini nikaacha kuhesabu, kwa kuwa sikuona vizuri tena.

Ningependa kuishia hapo, kama tunavyopenda kufunga shairi kwa kituo kilicho sawa. Lakini nisingesema kweli. Kilango kilichopasuliwa si kilango kilichozaliwa kizima. Cha mjukuu wetu huvuja kidogo. Damu kiasi hurudi nyuma kila pigo. Kila mwaka tunavuka maji akapimwe. Meno yake tunayatunza kuliko ya watoto wengine, kwa kuwa wadudu wa kinywani wakiingia katika damu wanaweza kuushambulia moyo. Huenda asihitaji kitu tena maishani. Huenda akiwa kijana akahitaji kuwekewa kilango kipya. Tangu mwaka 2000, Philipp Bonhoeffer alipofanya hivyo kwa mara ya kwanza huko Paris, kilango cha mapafu kinaweza kuwekwa kwa njia hiyo hiyo ya mshipa. Kile cha kwanza kilitokana na mshipa wa shingo ya ng'ombe. Viko pia vya madini, vinavyodumu sana lakini humlazimu mtu kunywa dawa ya kuzuia damu isigande siku zote. Na viko vya nguruwe. Mkwe mwenzangu alipolisikia hili la mwisho alishtuka, akaenda kumwuliza imamu wa mtaani kwetu, naye akamkumbusha kanuni ya dharura. Tumeliacha jambo hilo mbele ya Mungu na mbele ya wakati wake.

Hofu nayo ilibaki. Mwanangu alikaa miaka minne kabla ya kukubali kubeba mimba nyingine. Aliambiwa kwamba uwezekano wa kurudia upo, ila ni mdogo, na kwamba kipimo cha moyo wa mtoto akiwa bado tumboni kinaweza kufanywa katikati ya ujauzito. Kilifanywa. Tulikaa watatu katika chumba chenye giza tukitazama kioo, na vilango vinne vikafunguka na kufunga. Sasa ana binti.

Msomaji wangu, ikiwa nyumbani kwenu yumo mtoto mchanga, naomba yafuatayo, nami siombi kwa ufundi bali kwa yaliyonipata. Mtoto anayechoka kunyonya, anayetokwa na jasho kipajini katika kunyonya, anayehema mbio akiwa amelala, msimfunike na kungoja. Mtazameni ulimi. Mahali mlipopelekwa wakikataa kumvua nguo, nendeni pengine. Kile kidude cha taa nyekundu hakiumizi, na hupima kwa dakika chache. Nchi kadhaa humpima kila mtoto nacho katika siku mbili za mwanzo, mkono wa kulia na mguu, kabla hajatoka hospitali. Marekani iliweka pendekezo hilo mwaka 2011. Si kila kasoro huonekana hapo, lakini nyingi kati ya zile za kuua upesi huonekana. Ningependa kuishi mpaka niione kazi hiyo ikifanywa katika kila chumba cha kuzalia visiwani kwetu.

Na kwa mama mtakayemkuta amekaa na mtoto wa namna hiyo mapajani, msimuulize alitoka saa ngapi wala alikula nini. Mwambieni maneno matatu niliyoyasikia siku ile. Si kosa lako.

Mwaka jana nilimchukua mjukuu wangu tukaenda Pemba. Tulifika Wete jioni, tukaenda makaburini kabla giza halijaingia. Yeye alikuwa akikimbia mbele yangu kwenye njia ya minazi, akirudi, akikimbia tena, mtoto wa kawaida mwenye magoti machafu, na mimi niliyekuwa nimechoka nikimwita apunguze mwendo. Adhana ya magharibi ilitukuta tumesimama kaburini. Kuna mtu aliyepita akatwambia kwa upole kwamba saa hii si ya kukaa nje na mtoto.

Nilimshukuru. Tukakaa kidogo zaidi, mpaka nikamaliza kumwambia mama.